Nyumba ya Sh6.25 milioni, bili ya Sh16 milioni: gharama halisi ya mkopo wa nyumba

Anayetafuta nyumba Kiamunyi au Naka mjini Nakuru, au upande wa Riat na Mamboleo kule Kisumu, huanza na maswali mawili: bei ni ngapi, na kila mwezi nitalipa ngapi. Yote mawili ni ya maana, ila hakuna hata moja linalomwambia nyumba itamgharimu nini. Bei ni habari ya muuzaji. Malipo ya mwezi nayo yanaweza kupunguzwa karibu kadiri mtu apendavyo, mradi miaka iongezwe. Lipo swali la tatu ambalo wengi hulikumbuka sahihi zikiwa zimekwisha kukauka: hadi siku nitakayokabidhiwa hatimiliki yangu, nitakuwa nimetoa pesa ngapi kwa jumla?

Tuchukue mfano mmoja na tuufuate hadi mwisho. Nyumba ya vyumba vitatu inauzwa Sh6,250,000. Mnunuzi anatoa asilimia 20, yaani Sh1,250,000, na benki inamkopesha Sh5,000,000 zilizobaki kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka. Riba inatozwa kwenye salio linalopungua, na muda ni miaka 20. Malipo ya kila mwezi ni Sh62,176. Zidisha kwa miezi 240, unapata takriban Sh14,922,250. Riba peke yake ni Sh9,922,250, karibu mara mbili ya pesa zilizokopwa. Jumlisha malipo ya awali na gharama za kuhamisha umiliki, na nyumba ya Sh6.25 milioni imeshavuka Sh16.5 milioni kabla mwenyewe hajapaka rangi ukuta hata mmoja.

Tuseme haki pia. Shilingi ya mwaka wa 18 haitakuwa na uzito wa shilingi ya leo. Mishahara na bei hupanda, na Sh62,176 zinazobana leo huenda siku hizo zikawa nyepesi. Isitoshe, anayeishi kwenye nyumba hiyo halipi kodi ya pango kwingine. Kwa hiyo jumla hiyo kubwa si sababu ya kuukimbia mkopo. Ni sababu ya kujua inatoka wapi, kwa kuwa sehemu yake kubwa hutokana na mambo machache ambayo mkopaji ana uwezo wa kuyabadilisha.

Miaka ya kwanza ni ya riba

Angalia malipo ya mwezi wa kwanza. Deni ni Sh5,000,000. Riba ya mwezi mmoja ni asilimia 14 kugawanywa kwa 12, nayo inakuja Sh58,333. Umelipa Sh62,176. Kinachobaki kupunguza deni lenyewe ni Sh3,843 tu. Mwezi wa pili riba inahesabiwa kwenye Sh4,996,157, kwa hiyo inashuka kwa shilingi chache, na sehemu inayopunguza deni inapanda kwa hizo hizo chache. Ndivyo linavyokwenda, polepole mno mwanzoni.

Mwisho wa mwaka wa kwanza umelipa Sh746,112. Deni limepungua kwa Sh49,190. Baada ya miaka 5 umeshalipa Sh3,730,562, na bado unadaiwa Sh4,668,777. Nusu ya deni, yaani Sh2.5 milioni, huisha katika mwezi wa 186, miaka 15 na nusu tangu uanze.

Hapa ndipo wengi huingiwa na shaka kwamba wameibiwa. Mtu amelipa miaka 5 bila kukosa hata mwezi mmoja, anaomba taarifa ya mkopo, anaona salio halijapungua hata kwa Sh400,000, na anaondoka kaunta amekasirika. Mara nyingi hakuna wizi, ni hesabu ya salio linalopungua inayofanya kazi yake. Lakini ni muhimu kuijua mapema kwa sababu moja kubwa: anayepanga kuishi kwenye nyumba miaka 4 au 5 kisha auze, pengine kwa sababu kazi inaweza kumhamishia Eldoret au Nairobi, hatakuwa amejenga umiliki wowote wa maana kupitia malipo yake. Atategemea bei ya nyumba ipande. Ikiwa haikupanda, gharama za kununua na za kuuza zitamla.

Kabla ya kutia sahihi, dai jedwali la ulipaji linaloonyesha kila mwezi: malipo, riba, sehemu inayopunguza deni, na salio. Benki hutoa jedwali hili ukiomba, na inapaswa pia kukuonyesha gharama ya mkopo kwa mwaka ikiwa imejumlisha ada zote, si riba tupu. Ukipewa karatasi yenye kiwango cha riba na malipo ya mwezi peke yake, hujapewa habari za kutosha. Jedwali lile lile unaweza kulitengeneza kwenye Excel kwa fomula ya PMT: asilimia 14 gawanya kwa 12, miezi 240, deni Sh5,000,000. Likitofautiana na la benki kwa zaidi ya shilingi chache, uliza kwa nini. Jibu mara nyingi ni bima au ada iliyoingizwa ndani ya deni.

Miaka mitano ya ziada

Tuchukue mkopo ule ule wa Sh5,000,000 kwa asilimia 14, tubadilishe muda tu:

Miaka 10: Sh77,633 kwa mwezi, jumla Sh9.32 milioni.
Miaka 15: Sh66,587 kwa mwezi, jumla Sh11.99 milioni.
Miaka 20: Sh62,176 kwa mwezi, jumla Sh14.92 milioni.
Miaka 25: Sh60,188 kwa mwezi, jumla Sh18.06 milioni.

Soma mistari miwili ya mwisho tena. Kutoka miaka 20 hadi 25, mkopaji anapunguziwa Sh1,988 kwa mwezi, pesa ambazo familia ya mjini humaliza kwa mafuta ya kupikia na sukari. Kwa nafuu hiyo analipa Sh3.13 milioni zaidi. Kinyume chake, kutoka 20 kushuka hadi 15 kunadai Sh4,411 zaidi kwa mwezi, na kunaokoa Sh2.94 milioni. Katika viwango vya riba tulivyozoea Kenya, kurefusha muda kupita miaka 15 hupunguza malipo ya mwezi kidogo sana, kwa sababu malipo hayo tayari ni riba karibu yote. Hayawezi kushuka chini ya Sh58,333 hata ungepewa miaka 100.

Afisa wa mikopo anayekushauri uchukue miaka 25 ili ufuzu kukopa zaidi hakudanganyi. Anatazama kikomo cha sheria ya kazi: makato yote kwenye mshahara yasizidi theluthi mbili, na theluthi moja ibaki mkononi mwako. Malipo madogo yanakufanya ufuzu. Lakini kufuzu si sawa na kumudu, na ikiwa njia pekee ya kuipata nyumba hiyo ni miaka 25, maoni yetu ni kwamba nyumba hiyo ni kubwa kuliko mshahara. Nyumba ndogo zaidi, au miaka 2 zaidi ya kuweka akiba ya malipo ya awali, ni nafuu kuliko miaka 5 ya ziada ya deni.

Riba inapopanda

Mikopo mingi ya nyumba nchini ni ya riba inayobadilika. Kiwango unachoanza nacho si ahadi ya miaka 20. Mwezi wa Aprili 2022 kiwango cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13, kisha kikaanza kushuka tena kuanzia Agosti mwaka huo. Kati ya Septemba 2016 na Novemba 2019 sheria ilizizuia benki kutoza zaidi ya asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu, na kikomo hicho kilipoondolewa, kila benki ilirudi kwenye hesabu zake. Mkopaji wa miaka 20 atapitia mizunguko kadhaa ya namna hii.

Katika mfumo ambao Benki Kuu iliutangaza Agosti 2025, mikopo ya riba inayobadilika hufungamanishwa na kiwango kiitwacho KESONIA, ambacho hutokana na riba ya mikopo ambayo benki hupeana kwa usiku mmoja. Juu yake benki huongeza sehemu yake, ambayo hutegemea gharama za benki na jinsi inavyokuona wewe kama mkopaji. KESONIA haiko mikononi mwako wala mwa benki. Hiyo sehemu ya juu ndiyo ya kujadiliana, na ndiyo ya kulinganisha unapozunguka benki tatu au nne. Uliza iandikwe kwenye barua ya mkopo kwa namba, na uulize ni mazingira gani yataifanya ibadilike.

Sasa hatari yenyewe. Mkopaji wetu amelipa mwaka mmoja, deni ni Sh4,950,810, na riba inapanda kutoka asilimia 14 hadi 15. Benki inaweza kufanya moja kati ya mambo mawili: kupandisha malipo ya mwezi, au kuyaacha yalivyo na kurefusha muda. La pili linaonekana la huruma. Lakini riba ya mwezi kwenye deni hilo kwa asilimia 15 ni Sh61,885. Malipo ni Sh62,176. Kinachopunguza deni ni Sh291 kwa mwezi. Kwa mwendo huo, miaka 19 iliyokuwa imebaki inageuka miaka 36. Na riba ikifika asilimia 16, riba ya mwezi ni Sh66,011, zaidi ya malipo yenyewe. Deni linaanza kukua huku unalipa kila mwezi bila kukosa.

Kwa hiyo barua ya kupanda kwa riba ikija, usiishie kusoma kiwango kipya. Tafuta mstari unaosema malipo yako yatabaki au yatabadilika, na tarehe mpya ya kumaliza mkopo. Kifungu cha 84 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 kinamtaka mkopeshaji akupe notisi ya maandishi ya siku 30 angalau kabla ya kubadilisha riba, kwa lugha inayoeleweka. Ikiwa tarehe ya kumaliza haimo, andika barua uiombe. Na kama mshahara unaruhusu, omba malipo yapandishwe badala ya miaka kuongezwa. Katika mfano wetu, kupanda hadi asilimia 16 tangu mwanzo kungefanya malipo kuwa Sh69,563. Jaribu kuishi miezi 3 ukiweka kando tofauti hiyo ya Sh7,387 kabla hata hujaomba mkopo. Usipoweza, punguza kiasi unachotaka kukopa.

Kuna pia mikopo ya riba ya tarakimu moja inayotolewa na baadhi ya benki na Sacco kwa pesa zinazotoka kwa Kenya Mortgage Refinance Company, iliyopewa leseni na Benki Kuu mwaka 2020. Kwa asilimia 9.5, Sh5,000,000 za miaka 20 zinalipwa kwa Sh46,607 kwa mwezi, jumla Sh11.19 milioni, pungufu kwa zaidi ya Sh3.7 milioni. Mikopo hii ina kikomo cha kiasi na masharti yake, na si kila tawi litakutajia bila kuulizwa. Iulizie kwa jina.

Asilimia 10 iliyo ghali kuliko 14

Baadhi ya wauzaji wa nyumba na wakopeshaji wadogo hutangaza riba inayohesabiwa kwenye deni la mwanzo kwa muda wote, bila kujali umeshalipa kiasi gani. Sh5,000,000 kwa asilimia 10 ya aina hii kwa miaka 10: riba ni Sh500,000 kila mwaka, jumla Sh5,000,000, malipo Sh83,333 kwa mwezi. Mkopo wa asilimia 14 kwenye salio linalopungua kwa miaka hiyo 10 ni Sh77,633. Ile asilimia 10 kwa kweli ni karibu asilimia 16. Swali la kuuliza ni moja: riba inahesabiwa kwenye salio linalopungua au kwenye deni la mwanzo? Anayejibu kwa kuzunguka, achana naye.

Pesa za kabla ya siku ya kwanza

Benki nyingi hazikopeshi gharama hizi, kwa hiyo zinatoka mfukoni, na zinaua mipango ya watu ambao wana malipo ya awali tu.

Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani kwa ardhi iliyo ndani ya mji na asilimia 2 kwa ya mashambani. Nakuru ilipewa hadhi ya jiji Desemba 2021, na Kisumu ni jiji tangu zamani. Kwa nyumba yetu ni Sh250,000. Angalia: ushuru huhesabiwa kwa thamani atakayotoa mthamini wa serikali, na akiiona nyumba kuwa ya Sh7,000,000 utalipa Sh280,000 hata kama ulinunua kwa pungufu. Kusajili rehani yenyewe kunatozwa ushuru mwingine wa asilimia 0.1 ya mkopo, hapa Sh5,000. Mnunuzi wa nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa nyumba za bei nafuu huweza kusamehewa ushuru wa stempu, kwa hiyo anayenunua Bondeni jijini Nakuru kupitia mpango huo aulizie msamaha huo kabla ya kulipa.

Mawakili ni wawili. Wa kwanza ni wako, anayeshughulikia ununuzi; wa pili ni wa benki, anayeandaa rehani, na anayemlipa ni wewe. Ada zao hufuata amri ya malipo ya mawakili, pamoja na VAT ya asilimia 16. Usikubali kuacha kuwa na wakili wako eti wa benki anatosha. Wa benki anailinda benki. Kisha kuna mthamini, ambaye lazima awe kwenye orodha ya benki, na ada ya kushughulikia mkopo ambayo mara nyingi huwa karibu asilimia 1, na juu yake ushuru wa bidhaa. Ukijumlisha vyote, weka kando asilimia 7 hadi 8 ya bei. Kwa nyumba yetu ni kati ya Sh437,500 na Sh500,000.

Ukinunua kipande ambacho kwenye daftari la ardhi bado ni shamba, kama vipo vingi pembezoni mwa Nakuru kuelekea Njoro na Rongai, utahitaji idhini ya bodi ya ardhi ya eneo hilo, kwa uhamisho na kwa rehani pia. Bila idhini, mkataba unaweza kuwa batili. Na kama hati ni ya kukodishwa na si ya umiliki wa kudumu, hesabu miaka iliyobaki. Hati ya miaka 99 iliyotolewa mwaka 1960 inaisha 2059. Mkopo wa miaka 20 ukiisha, nyumba itakuwa imebakiwa na miaka michache ambayo mnunuzi mwingine na benki yake wataitilia shaka. Muuzaji alete pia cheti cha kuonyesha hadaiwi kodi ya ardhi na serikali kuu wala ushuru wa ardhi na kaunti. Malimbikizo yasipolipwa na yeye yatakuwa yako.

Bima, udongo na maji

Bima ni mbili: ya maisha, inayolipa deni mkopaji akifariki, na ya jengo. Zote ni za lazima na zote ni za miaka yote. La kuangalia ni jinsi zinavyolipwa. Baadhi ya wakopeshaji hutoza bima ya maisha mara moja mwanzoni na kuiongeza kwenye deni. Sh150,000 zikiongezwa hivyo kwa asilimia 14 zinakuwa Sh1,865 kwa mwezi, na kwa miaka 20 umelipa Sh447,668. Lipa taslimu ukiweza, au chagua ya kila mwaka, na linganisha bei na kampuni nyingine badala ya kukubali ile ya kwanza uliyowekewa mezani.

Kwenye bima ya jengo, soma kifungu cha mafuriko. Mitaa ya Kisumu iliyo upande wa tambarare za Kano, Nyamasaria ikiwemo, hupata maji mvua ikizidi. Nakuru nako, kupanda kwa maji ya ziwa kulihamisha familia za Mwariki na Barut. Nyumba ikizama, deni halizami nayo. Bima inalipa jengo, hailipi ardhi iliyomezwa.

Udongo nao una bili yake, hasa kwa anayekopa ili ajenge. Udongo mweusi wa Kano huvimba ukinywa maji na hupasuka ukikauka. Msingi wa kawaida uliomwagwa juu yake huvunjika, na nyufa hupanda kutoka chini ya dirisha hadi kwenye linta. Fundi anayejua atauchimba wote hadi ardhi ngumu na kujaza mawe na murram, au mhandisi atachora msingi wa slabu nzima yenye vyuma. Vyote viwili vinakula pesa ambazo hazikuwa kwenye makadirio ya kwanza. Nakuru tatizo ni jingine: majivu ya volkano na mipasuko ya Bonde la Ufa, ambapo ardhi huweza kufunguka baada ya mvua kubwa. Kupima udongo kabla ya kukopa ni gharama ndogo sana ukilinganisha na kukwama ukutani. Na kukwama kunauma zaidi kwa mwenye mkopo, kwa sababu benki hutoa pesa za ujenzi kwa hatua, kila hatua ikikaguliwa. Msingi ukimaliza pesa za kuta, ujenzi unasimama, riba ya kilichokwisha kutolewa haisimami, na kodi ya nyumba unayokaa nayo inaendelea.

Nafuu ya kodi ambayo wengi hawaichukui

Anayelipa riba ya mkopo wa nyumba anayoishi mwenyewe anaruhusiwa kuitoa kwenye mapato yanayotozwa kodi, hadi Sh360,000 kwa mwaka, yaani Sh30,000 kwa mwezi. Kikomo kilikuwa Sh300,000 hadi kilipopandishwa mwishoni mwa Desemba 2024, na mikopo ya kujenga nyumba ya kuishi nayo imeongezwa. Kwa anayetozwa asilimia 30, hiyo ni Sh9,000 kila mwezi, Sh108,000 kwa mwaka. Mkopaji wetu atakuwa na riba inayozidi kikomo hicho kwa miaka mingi, kwa hiyo anaweza kuchukua nafuu yote kwa muda huo.

Peleka barua ya benki inayothibitisha mkopo na riba kwa afisa wa mishahara kazini, na ujaze sehemu ya riba ya nyumba unapowasilisha ritani kwenye iTax. Nyumba ni moja tu, na lazima uwe unaishi humo. Ukiipangisha, nafuu hii inakoma. Mkopeshaji naye lazima awe kati ya wale waliotajwa na sheria ya kodi, kwa hiyo ukikopa kwa Sacco, uliza hilo kwanza. Ushauri wetu ni mmoja: hizo Sh9,000 zisiingie kwenye matumizi. Zielekeze kwenye deni.

Kulipa zaidi, na kulipa mapema

Ukiongeza Sh5,000 tu kwa mwezi tangu mwanzo, ukalipa Sh67,176 badala ya Sh62,176, mkopo wa miaka 20 unaisha katika mwezi wa 175. Ni miaka 5 na miezi 5 mapema, na akiba ni karibu Sh3.2 milioni.

Wakati ndio unaofanya kazi. Tuseme umepata Sh300,000, labda gawio la Sacco na mauzo ya ng'ombe wawili. Ukizilipa mwisho wa mwaka wa kwanza, mkopo unafupika kwa miezi 50, na baada ya kutoa hizo Sh300,000 zenyewe umeokoa takriban Sh2.8 milioni. Ukizilipa mwisho wa mwaka wa 15, zinafupisha miezi 9, na unaokoa takriban Sh270,000. Pesa ni zile zile.

Yapo mambo matatu yanayoharibu mpango huu. La kwanza, baadhi ya mikataba hutoza ada ya kulipa mapema. Soma kifungu hicho kabla ya kutia sahihi na ujaribu kukiondoa. La pili, pesa za ziada zikiingia bila maelekezo, mfumo wa benki unaweza kuziweka kama malipo ya mwezi ujao yaliyotangulia, na deni la msingi lisiguswe. La tatu, benki inaweza kupunguza malipo ya mwezi na kuacha miaka ilivyo, na sehemu kubwa ya akiba inapotea. Kwa hiyo kila unapolipa zaidi, andika barua au barua pepe yenye maneno haya: pesa hizi zipunguze deni la msingi, malipo ya mwezi yabaki, muda ufupishwe. Mwezi unaofuata omba jedwali jipya uone tarehe ya mwisho imesogea.

Usilipe akiba yote lakini. Acha mkononi malipo ya miezi 4 hadi 6. Benki haitakurudishia ulichotanguliza ukipoteza kazi.

Ukishindwa kulipa

Ukikosa malipo, riba ya adhabu huanza na jina lako huelekea kwenye kumbukumbu za wadaiwa. Sheria ya Ardhi inaitaka benki itoe notisi ya angalau miezi 3 ya kukutaka urekebishe, kisha notisi ya siku 40 ya kuuza, na dalali naye hutoa notisi ya siku 45 kabla ya mnada. Kila karatasi ina gharama, na zote zinaingia kwenye deni lako. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu Mei 2007, kinaweka mpaka: mkopo ukishaharibika, riba itakayodaiwa kutoka hapo haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo. Ni kinga, lakini ni kinga ya mtu aliyekwisha kuumia, kwa sababu deni la Sh4.6 milioni bado linaweza kufika Sh9.2 milioni.

Nenda benki kabla ya mwezi wa kwanza kukosekana, ukiwa na taarifa za mapato na pendekezo la maandishi. Mkopo ambao haujaharibika una njia nyingi za kupangwa upya. Ukiona hakuna tumaini, omba ruhusa ya kutafuta mnunuzi mwenyewe. Benki ina wajibu kisheria kutafuta bei bora iwezekanayo, na bei iliyo chini ya soko kwa robo au zaidi huweza kupingwa mahakamani, lakini mnunuzi uliyemtafuta mwenyewe Lolwe kule Kisumu au Section 58 kule Nakuru karibu kila mara hulipa zaidi ya anayesubiri nyundo ya mnada. Kama ni nyumba ya familia, mwenzi wako alipaswa kutia sahihi ya kukubali rehani tangu mwanzo. Bila hiyo rehani si halali, na wakili wako aanze kwa kuikagua karatasi hiyo.

Baada ya malipo ya mwisho

Salio likifika sifuri, rehani bado imo kwenye daftari la ardhi hadi iondolewe. Omba barua ya kumaliza deni, kisha hati ya kuondoa rehani iliyotiwa sahihi na benki. Huandaliwa na wakili kwa ada yako, ikalipiwa na kusajiliwa kwenye ofisi ya ardhi ya Nakuru au Kisumu. Simamisha agizo la makato kwenye mshahara kwa maandishi, ufute bima ya maisha ya mkopo, na ubadilishe bima ya jengo ili mlipwaji awe wewe na si benki. Wiki chache baadaye fanya upekuzi wa hati kwenye masjala ya ardhi. Upande wa vizuizi ukirudi ukiwa mtupu, weka nakala ya upekuzi huo pamoja na hatimiliki.